Siku moja Chandigarh na mwongozaji wenu wenyewe: pa kuanzia na pa kupita haraka

Mchoraramani (mleta uzi)

Wakuu, salaam. Haupiti mwezi humu bila mtu kuuliza: "Niko Delhi, nimebakiwa na siku moja, niende wapi?" Majibu ni yale yale, Agra kwenye Taj Mahal. Agra nendeni, sina ubishi. Ila humu kuna watu wanaojenga, wanaopima viwanja, wanaosoma usanifu majengo, na wengine wanaishi tu kwenye miji inayowachosha kila siku kwa foleni na mafuriko. Hao nawaambia waende Chandigarh. Ni kama kilomita 250 kaskazini mwa Delhi, unatoka asubuhi na usiku umerudi.

Kazi yangu ni mipangomiji na mji huu naupenda, kwa hiyo nitaandika kwa urefu.

Kwanza ulivyozaliwa, maana bila hilo utaona zege tu. India ilipogawanywa mwaka 1947, jimbo la Punjab lilikatwa vipande viwili. Lahore, mji mkuu wake, ukaangukia Pakistan. Punjab ya upande wa India ikabaki haina makao makuu, serikali ikajibanza Shimla kule milimani, na huku wakimbizi wanaingia kwa mamilioni. Waziri mkuu wa India, Nehru, akataka mji mpya kabisa, usioburuza mkia wa ukoloni. Waliopewa kazi mwanzo ni Mmarekani Albert Mayer na Mpolandi Matthew Nowicki. Nowicki akafa kwa ajali ya ndege huko Misri mwaka 1950. Ndipo maofisa wawili wa Punjab, P. N. Thapar na mhandisi P. L. Varma, wakafunga safari ya Ulaya kutafuta mtu mwingine. Walimpata msanifu majengo Le Corbusier, binamu yake Pierre Jeanneret, na mke na mume kutoka Uingereza, Jane Drew na Maxwell Fry, ambao walishafanya kazi Afrika Magharibi na jua la tropiki walilijua.

Waongozaji wengi watakutajia Le Corbusier peke yake kuanzia asubuhi hadi jioni. Yeye alikuwa akija na kuondoka. Aliyebaki pale mwaka hadi mwaka akisimamia kazi ni Jeanneret, na alipofariki majivu yake yalimwagwa kwenye ziwa la mji huo. Na walikuwepo wasanifu vijana wa Kihindi, Urmila Eulie Chowdhury, Aditya Prakash, M. N. Sharma na wenzao, waliochora shule, zahanati, nyumba na maduka. Mwongozaji wako asipowataja, muulize wewe. Ukiona anawajua, jua umepata mtu.

Sasa mji wenyewe. Umegawanywa kwa sekta, na sekta moja ya kawaida ina mita 800 kwa 1,200. Barabara kubwa zinapita pembeni ya sekta, hazikatizi ndani. Ndani kuna shule, soko, zahanati na bustani ndefu inayopita katikati na kuungana na ya sekta ya jirani. Mtoto anakwenda shule na kurudi bila kuvuka barabara ya magari ya kasi. Barabara zimepangwa kwa madaraja saba, kuanzia ile inayokuja kutoka miji mingine hadi kijia cha miguu bustanini, na kila moja ina kazi yake. Mtaa wa maduka ndani ya sekta umejengwa upande mmoja tu, ule wenye kivuli, ili mnunuzi asipigwe na jua. Hilo la kivuli liliniteka mimi kuliko makaburi ya wafalme yote ya Delhi.

Kwa sababu hiyo ushauri wangu unapingana na ratiba za makampuni. Wao wanakupeleka moja kwa moja kwenye majengo ya serikali Sekta ya 1, halafu bustani, halafu ziwa, kwaheri. Mimi nasema anzia Sekta ya 22. Ni kati ya sekta za mwanzo kujengwa, na Jane Drew aliifanyia kazi sana. Mwambie dereva awashushe kwenye barabara kubwa, gari likawasubiri upande wa pili, ninyi mtembee kwa miguu kukatiza sekta nzima. Haichukui hata nusu saa kama hamsimami, lakini mtasimama. Utaona kelele zinavyopungua kila unapoingia ndani. Utaona nyumba za matofali mekundu za watumishi wa ngazi ya chini, zina ukuta wenye matundu wa kupitisha upepo, na paa la kulala nje wakati wa joto. Nyumba za serikali zilipangwa kwa madaraja 13, kuanzia ya tarishi hadi ya waziri kiongozi, na hata ile ya chini kabisa ilikuwa na vyumba viwili, jiko, choo na ua. Miaka ya 1950 hiyo.

Ukishatembea hapo, ndipo uende Sekta ya 1, na sasa utaelewa unachokiona.

Majengo ya serikali yaliingia kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2016, pamoja na kazi nyingine za Le Corbusier zilizotawanyika katika nchi saba. Huingii kiholela. Mnaandikishwa kwenye kituo cha taarifa za watalii, pasipoti mkononi, halafu mnaingizwa kwa makundi kwa saa maalumu pamoja na mtu wao. Hata mkiwa na mwongozaji wenu, huyo wa pale lazima. Ulinzi ni mkali kwa sababu. Mwezi Agosti 1995 waziri kiongozi wa Punjab, Beant Singh, aliuawa kwa bomu mlangoni mwa jengo la wizara pale pale. Tangu hapo uwanja uliochorwa ili raia autembee huru umejaa seng'enge na askari. Inaumiza, lakini ndivyo ilivyo.

Mahakama Kuu ina nguzo tatu kubwa mlangoni, ya kijani, ya njano na nyekundu, na paa lake limepinda juu kama mwavuli ili hewa ipite kati ya paa na vyumba. Jengo la Bunge limebeba mnara mkubwa wa duara uliochukua umbo la minara ya kupozea mvuke ya kiwanda cha umeme, na ndani ya mnara huo ndimo wabunge wa Punjab wanamokaa. Jengo la wizara lina urefu wa mita 254. Uso wake wote ni vikinga jua vya zege. Kati ya yote hayo umesimama Mkono Uliofunguka, wa chuma, mita 26 kwenda juu, unaogeuka kwa upepo. Maana yake ni kupokea na kutoa. Wenyewe ulikuja kusimamishwa mwaka 1985, Le Corbusier ameshafariki miaka 20 nyuma.

Kutoka hapo ni dakika chache tu hadi Rock Garden. Hapa panahitaji muda, msikubali kuharakishwa. Nek Chand alikuwa mkaguzi wa barabara wa serikali, mkimbizi aliyetoka kijiji kilichobaki Pakistan. Kuanzia mwaka 1957 hivi, usiku baada ya kazi, alianza kujenga kwa siri ndani ya msitu uliokatazwa kujengwa chochote. Alitumia bangili zilizovunjika, vigae, masinki, mabaki ya soketi za umeme, mawe ya mtoni. Walipomgundua, miaka karibu 18 baadaye, kwa sheria walitakiwa wabomoe. Badala yake wakampa mshahara na vibarua 50, na mwaka 1976 bustani ikafunguliwa kwa umma. Amefariki mwaka 2015. Leo watu wanaomiminika pale ni wengi kupita kokote katika mji huo.

Jioni malizieni Ziwa Sukhna. Lilitengenezwa mwaka 1958 kwa kuziba mto wa msimu. Le Corbusier alishikilia kwamba magari yasipite juu ya tuta lake, na hadi leo watu wanatembea pale bila honi wala moshi.

Pa kupita haraka: maduka makubwa ya kisasa, hayo hata Dar yapo. Bustani ya waridi Sekta ya 16 ni nzuri Februari na Machi, nje ya hapo msipoteze saa. Ila makumbusho ya Sekta ya 10 msiyaruke, yana sanamu za kale za Kibuddha za Gandhara zilizotoka Lahore wakati mali za makumbusho ya kule zilipogawanywa baina ya nchi mbili, asilimia 60 Pakistan, 40 India. Jumatatu wanafunga.

Maswali karibuni.

---

Mama Zuhura

Ahsante mwanangu kwa uzi wenye nyama. Mimi niko Delhi namuuguza mume wangu. Madaktari wamesema wiki ijayo atakuwa anapumzika tu na mdogo wake amefika, kwa hiyo naweza kuchomoka siku moja. Magoti yangu si mazima. Je, nitaweza? Na chakula halali kitapatikana? Na sala je?

---

Mchoraramani

Shikamoo mama, na Mungu amponye baba.

Safari inawezekana, ila tupange kwa magoti yako. Mkiwa Chandigarh, gari lenu wenyewe linasaidia hapo, maana unashushwa mlangoni. Panda treni ya Shatabdi ya asubuhi, viti vyake vizuri na chakula kinaletwa mpaka kitini. Unatoka New Delhi kabla ya saa mbili, saa tano hivi umefika. Kwa gari kutoka Delhi ni saa nne hadi tano kila upande, magoti yatalia.

Sekta ya 22 kata kipande tu, mtaa wa maduka na bustani iliyo nyuma yake, mabenchi yapo. Sekta ya 1 ni mwendo mrefu kwenye uwanja wa zege usio na kivuli, ukichoka mwambie askari, usione haya. Rock Garden ndiyo ngumu kwako. Ina ngazi, njia nyembamba, na milango ambayo Nek Chand aliifanya mifupi makusudi ili kila anayepita ainame. Sehemu za mwanzo unaweza, kule kwenye maporomoko ya maji waachie vijana. Ziwani ni tambarare tupu.

Chakula: pale wengi ni Wahindu na Masingasinga, kwa hiyo nyama usiitegemee. Lakini chakula kisicho na nyama cha Punjab kinashiba kweli. Omba dal makhani (mchuzi wa choroko nyeusi), rajma (maharagwe) na wali, paneer (jibini), au chole (mchuzi wa dengu) na bhature (mkate wa kukaanga). Msikiti wa Jamia upo Sekta ya 20, mwambie mwongozaji mapema aweke adhuhuri kwenye ratiba.

---

Kharar_Boy

Mkuu umeandika vizuri. Nimesoma Punjab, niongezee ya mtu aliyeishi.

Wanafunzi wengi wa Kiafrika tulipanga Kharar na Mohali, miji ya jirani, si Chandigarh yenyewe, kwa sababu kodi ya nyumba ndani ya sekta ni moto. Kwa hiyo ukikutana na Mtanzania Sekta ya 17 siku ya Jumapili, jua naye ni mgeni kama wewe. Sekta ya 17 ndiyo katikati ya mji, uwanja mpana wa waenda kwa miguu, magari hayaingii. Mleta uzi ameiruka, mimi ningeiweka jioni kabla ya treni. Familia nzima zinatoka, watoto wanakimbia, wazee wanakaa. Hapo unawaona wenyeji wakiwa hawana haraka.

Tahadhari mbili. Desemba na Januari kuna ukungu mzito kule kaskazini. Treni zinachelewa kwa saa nyingi na siku yako moja inaishia stesheni. Mei na Juni joto linapita nyuzi 40, na lile zege la Sekta ya 1 linawaka. Oktoba, Novemba, Februari na Machi ndiyo miezi yenyewe.

Pia stesheni ya treni iko pembeni ya mji, si kwamba ukishuka uko katikati. Dereva awe ameshafika kabla ya treni.

Na tafadhali msivute sigara barabarani. Mji ulitangazwa kuwa usio na moshi wa sigara mwaka 2007, na faini wanatoza.

---

Otis_wa_Lolwe

Heko kwa mleta uzi. Niko Kisumu, nasomea usanifu majengo, na huu mji tunaufundishwa tangu mwaka wa kwanza. Nilidhani utataja viti.

Kwa wasiojua: ofisi, mahakama, maktaba na chuo kikuu cha hapo zilihitaji samani, na Jeanneret na timu yake wakachora viti vya mbao za msaji vyenye miguu ya pembe, mkeka wa kusukwa kwenye kalio na mgongo. Mafundi seremala wa pale pale wakavitengeneza kwa maelfu. Miaka ikapita, vikachakaa, vikarundikwa juu ya mapaa na kuuzwa kwa mnada kama kuni. Wafanyabiashara kutoka Ulaya wakavinunua kwa bei ya bure, wakavirekebisha, na sasa vinauzwa minadani Ulaya na Marekani kwa maelfu ya dola kimoja. Serikali ya India imekuja kuweka katazo la kuvitoa nje, wakati vingi vimeshaondoka.

Ukitaka kuviona mahali pake, nenda nyumba aliyoishi Jeanneret, Sekta ya 5, sasa ni makumbusho. Na ofisi yao ya zamani Sekta ya 19 imehifadhiwa, michoro ipo. Kwangu mimi hizo mbili zina uzito kuliko ziwa.

---

Mchoraramani

Otis, nimekusoma na umenena vema. Kwa mtu wa fani, Sekta ya 19 iingie badala ya makumbusho ya Sekta ya 10. Na kama muda upo, Gandhi Bhawan ndani ya Panjab University, Sekta ya 14, ni kazi ya Jeanneret, imekaa juu ya maji, na watalii hawafiki.

---

Mgogo_Halisi

Nauliza kwa nia njema kabisa, mleta uzi. Mimi ni mwenyeji wa Dodoma. Uamuzi wa kuhamia kwetu ulitoka mwaka 1973, ramani ikachorwa na kampuni ya Toronto mwaka 1976, nayo iliahidi mitaa ya kutembea kwa miguu, mabasi yenye njia yake, na miti. Wazee wetu waliambiwa wapishe mji. Nimeona viwanja vya babu zangu vikipewa namba. Ndiyo maana nikisikia "mji uliochorwa kwenye karatasi", swali langu la kwanza ni moja: kabla ya hiyo karatasi, nani alikuwa analima hapo?

---

Mchoraramani

Swali la haki, na ndilo mwongozaji mzuri anatakiwa alijibu bila kukwepa.

Palikuwa na vijiji, mashamba na miembe. Jina lenyewe limetokana na hekalu la mungu wa kike Chandi lililokuwepo eneo hilo. Wakulima walihamishwa kwa fidia, na walilalamika wakati ule ule. Vijiji kadhaa vilifutika. Vingine vilizingirwa na sekta vikabaki katikati. Burail, ndani ya Sekta ya 45, ni mfano: unatoka barabara pana yenye miti, unaingia uchochoro wa nyaya, maghorofa yaliyobanana na maduka ya mafundi. Mwongozaji wangu alitupeleka huko tulipomwomba, na vijana wa pale walitueleza mengi kuhusu mji kuliko kipeperushi chochote.

Na tena, ramani iliwapa tarishi na karani nyumba, lakini kibarua aliyebeba zege kichwani hakuwa na daraja lake katika zile 13. Akajijengea kibanda pembeni. Vibanda hivyo vikawa makazi ya maelfu kwa maelfu ya watu, vikahesabiwa kwa namba kama sekta, Koloni namba 4, namba 5, na hizo mbili zimebomolewa miaka ya karibuni. Mji ulipigiwa hesabu ya watu 500,000 kwa ukamilifu wake. Sensa ya 2011 ilikuta zaidi ya milioni moja.

Kuna jambo moja linalohusu swali lako moja kwa moja, Mgogo. Vifaa vingi alivyookota Nek Chand ni vifusi vya vile vijiji vilivyobomolewa kupisha mji. Vyungu, vigae, mawe ya kuta za nyumba za watu. Ukisimama Rock Garden unaangalia mabaki ya waliokuwepo, yamekusanywa na mtu ambaye naye alipoteza kijiji chake mpakani. Ndiyo maana nasema bustani ile isiharakishwe, na nasema ionwe siku moja na Sekta ya 1. Viko jirani kabisa. Mkubwa alichora, mdogo aliokota, na mji ukawahitaji wote wawili.

---

Mgogo_Halisi

Nimekuelewa. Hilo la vifusi sikulijua kabisa. Bado nasimamia kwamba fidia na heshima ya mwenyeji iwe sura ya kwanza ya ramani, si tanbihi. Lakini mji unaoweza kumwambia mgeni habari hizo kwa sauti, nitaupa siku yangu.

Nauliza jingine: hilo la maduka upande wa kivuli linaweza kufanyika kwetu?

---

Mchoraramani

Linaweza kabisa na halina gharama, ni suala la kuamua kabla ya kupima viwanja. Kwetu karibu na ikweta hesabu ya jua ni tofauti, jua la saa tisa alasiri kutoka magharibi ndilo linaloua, kwa hiyo baraza pana mbele ya duka lingefanya kazi kubwa zaidi. Tuna mabaraza Zanzibar, Lamu, Mombasa, tumeyajua tangu zamani. Kinachokosekana ni kuyaandika kwenye kanuni za ujenzi wa mitaa mipya.

Na miti! Chandigarh miti ilipewa kamati yake, ikiongozwa na M. S. Randhawa. Kila barabara ikachaguliwa mti wake kwa kivuli na rangi ya maua. Mtaukuta mjakaranda, na mtaukuta mkrismasi, ule wetu wa maua mekundu. Sisi unachanua kuelekea Desemba, kule wao ni Mei na Juni.

---

Binti_Likoni

Mie nilienda na wenzangu mwaka jana, tukakodi safari kupitia wakala mmoja Delhi. Nawaonya kwa yaliyotupata ili msiyapate. Mwongozaji alitoka Delhi nasi, mji haujui. Sekta ya 1 tulifika kundi limeshaingia na hakuna aliyetuambia mapema kuhusu pasipoti, wawili wetu walikuwa wameziacha hotelini. Halafu saa nzima tukapelekwa kwenye duka la shali ambalo hatukuliomba. Tulilipia siku nzima, tukaona ziwa na bustani.

Mleta uzi, mtu anajuaje mapema kwamba mwongozaji ni wa kweli?

---

Mchoraramani

Pole sana dada. Hayo hutokea, na dawa yake ni kuuliza kwa maandishi kabla ya kulipa chochote.

Uliza mwongozaji anaishi wapi. Awe wa Chandigarh, Mohali au Panchkula, hiyo miji mitatu imeshikana. Wa Delhi abaki Delhi. Uliza ana kibali cha kuongoza watalii. Uliza mtaingia Sekta ya 1 na kundi la saa ngapi, na ratiba nzima ijengwe kuzunguka saa hiyo. Uliza kama bei imeingiza ushuru wa barabara, maegesho, viingilio na chakula cha dereva, maana hapo ndipo bei nafuu inapogeuka. Na andika waziwazi: hatutaki kupelekwa dukani. Wakala mwaminifu atakubali palepale, anayezungukazunguka mwache.

Swali langu la mwisho kwa mwongozaji huwa hili: kwa nini mji mmoja una serikali mbili? Akijua, atakwambia kwamba Novemba 1966 Punjab iligawanywa tena, Haryana ikazaliwa, kila jimbo likaudai mji, na serikali kuu ya Delhi ikaamua uwe chini yake yenyewe huku ukibaki makao makuu ya yote mawili. Ndiyo maana jengo lile moja la Bunge linatumiwa na mabunge mawili. Akibabaika hapo, tafuta mwingine.

---

Mama Zuhura

Nimenakili yote. Nimempata kijana wa Mohali kupitia mwuguzi wa hapa wodini, nimemuuliza swali la serikali mbili akanijibu kwa simu dakika kumi nzima, mpaka nikamwambia basi baba inatosha. Tunakwenda Alhamisi. Ameniambia mwezi huu waridi zimechanua, kwa hiyo Sekta ya 16 nimeiweka. Burail pia nimemwomba.

Swali moja limebaki: pasipoti, nakala haifai?

---

Kharar_Boy

Mama, chukua yenyewe. Nakala wanaweza kukurudisha getini. Na simu yako ichaji vizuri, kuna sehemu za Sekta ya 1 picha ruksa na sehemu picha marufuku, askari atakuonyesha. Mkoba mkubwa uache garini.